Aliyeichora filamu kabla ya kamera kuwashwa, tumwiteje?

Filamu ya The Graduate ilienda kwenye tuzo za Oscar za mwaka 1968 ikiwa imeteuliwa katika vitengo 7, ikarudi na tuzo 1 peke yake: ya mwelekezi bora. Aliyeipokea ni Mike Nichols, na sina kinyongo naye hata kidogo. Filamu ile imeelekezwa kwa ustadi. Ila ipo picha moja mle ndani ambayo imekaa vichwani mwa watu kuliko filamu yenyewe. Bi Robinson, mke wa mtu na rafiki wa wazazi wa kijana Benjamin, ameketi kwenye kiti kirefu cha baa ya nyumbani kwake, akaukunja mguu. Kamera imewekwa upande wa pili wa mguu huo. Benjamin anaonekana kwa mbali, mdogo, amenaswa ndani ya pembetatu ya lile goti kama ndege aliyejiingiza tunduni mwenyewe. Kijana bado anajiumauma kwa maneno, lakini mtazamaji amekwisha kujua kwamba kesi imeisha.

Picha hiyo imo katika michoro ya Harold Michelson, iliyochorwa kabla ya kamera kuwashwa. Jina la Michelson halimo katika orodha ya majina ya filamu hiyo. Halimo pia katika The Birds ya Alfred Hitchcock ya 1963, wala katika The Ten Commandments ya Cecil B. DeMille ya 1956, ingawa kote huko mkono wake ulipita.

Kazi ya mtu wa namna hii ni ipi hasa? Anakabidhiwa mswada, anausoma, kisha anauchora kisanduku baada ya kisanduku: nani yuko wapi, kamera iko juu au chini, karibu au mbali, picha hii inakatwa wapi na inayofuata inaanzia wapi. Visanduku hivyo hupangwa ukutani kwa mfuatano. Mwelekezi, mpigapicha, seremala wa mandhari na bwana wa fedha wote husimama mbele ya ukuta mmoja wakabishana huku wakiashiria kwa vidole. Desturi hii ilikomaa katika studio ya Walt Disney mwanzoni mwa miaka ya 1930, ambako mchoraji Webb Smith ndiye hutajwa kuwa wa kwanza kubandika michoro kwa pini kwenye ubao ili hadithi nzima isomeke kwa mpigo. Baadaye ikahamia kwenye filamu za watu. Mnamo 1939 William Cameron Menzies aliichora Gone with the Wind, na kwa kuwa alikuwa mtu mkubwa mwenye mamlaka makubwa, yeye alitajwa na kutunukiwa. Waliochora chini ya wakubwa hawakutajwa.

Sasa tuje kwenye lugha, maana ukumbi huu ni wa lugha. Kiingereza kilimpa fundi huyu jina kutokana na ule ubao wa pini. Kwetu wengi husema storibodi, na sina ugomvi nao. Lugha iliyokopa meza, shule na basi haiwezi kuona haya kukopa storibodi. Kinachonikera ni ile tafsiri ya sisisi, "ubao wa hadithi", ambayo naikuta katika kazi za wanafunzi na hata katika matangazo ya kozi. Hebu mwambie mzazi yeyote kwamba mwanawe amepata kazi ya "mchoraji wa ubao wa hadithi". Atadhani kijana anapaka rangi mbao za darasa la chekechea! Ubao ulikuwa samani tu ya kazi ile. Leo wengi huchora kwenye kompyuta na ubao wenyewe haupo. Kumwita fundi kwa jina la samani ni sawa na kumwita daktari mtu wa kitanda.

Isitoshe, neno hadithi nalo linapotosha. Hadithi ameitunga mwingine, yule mwandishi wa mswada, na huyu wa michoro hajamwondolea haki hiyo. Anachokifanya yeye ni kuihamisha kutoka lugha moja hadi nyingine, kutoka lugha ya maneno hadi lugha ya macho. Kwa hivyo ni mfasiri, na yamempata yale yale yaliyowapata wafasiri tangu jadi: kazi ikiwa mbovu watu humuulizia aliyeifanya, ikiwa nzuri humsifu mwenye matini.

Atakayeuona ufasiri huo ni wa kutia chumvi aitazame The Birds, pale nje ya shule ya Bodega Bay. Melanie ameketi kwenye benchi anavuta sigara. Ndani, watoto wanaimba. Nyuma yake kuna vyuma vya watoto kuchezea. Anatua kunguru mmoja. Tunarudi kwa Melanie, hajui. Wameongezeka wachache. Tunarudi kwa Melanie, na safari hii kamera inakaa naye, inakaa sana, mpaka mtazamaji anatamani kumpigia kelele. Kisha anainua macho, anamwona kunguru mmoja angani, anamfuata kwa macho akishuka, na kunguru yule anatua mahali ambapo vyuma havionekani tena kwa weusi wa ndege. Yote haya mswada unaweza kuyasema kwa maneno mawili: kunguru wanakusanyika. Kutoka maneno hayo mawili hadi baridi ile ya uti wa mgongo kuna maamuzi chungu nzima: kamera igeuke mara ngapi, ikae wapi kwa muda gani, ni lini kumwonyesha mtazamaji na ni lini kumnyima. Kwa Hitchcock, maamuzi ya aina hiyo yalifanywa mezani, kwenye karatasi, na katika filamu ile karatasi ilikuwa mbele ya Michelson.

Je, maamuzi ni ya aliyechora au ya aliyemwamuru achore? Swali hili limewahi kuzua mzozo mkubwa. Saul Bass, msanii mashuhuri wa kubuni majina ya mwanzo wa filamu, alichora tukio la bafuni katika Psycho ya 1960, akatajwa humo kama mshauri wa picha. Miaka baadaye akadai kwamba si kuchora tu, bali aliliongoza tukio lenyewe. Janet Leigh, mwigizaji aliyekuwa chini ya maji yale, alikanusha katakata. Mimi naegemea upande wa Leigh. Tukio hilo la dakika 3 hivi lilichukua siku 7 kupigwa, na katika siku hizo kulikuwa na maji, mwili, mwanga na kisu, mambo ambayo karatasi haiyajui. Baadaye likapita mikononi mwa mhariri. Bass alidai zaidi ya haki yake. Lakini angalia pia kwamba dai lake halikuchekwa. Watu waliligombania miaka na miaka kwa sababu michoro yake na tukio lililoonekana kwenye skrini vinafanana mno. Mfasiri akidai kwamba yeye ndiye mtunzi, tutamkatalia. Hatutamfuta jina kwa kosa hilo.

Sasa tazama mizani inavyobadilika anapochora bosi mwenyewe. Akira Kurosawa alipokosa fedha za kutengeneza Kagemusha, aliketi akaipaka rangi filamu nzima kwenye karatasi, tukio baada ya tukio, akihofia kwamba hapo ndipo itakapoishia. Filamu ikatoka 1980, na michoro ile huthaminiwa hadi leo kama kazi za sanaa zinazojitegemea. Ridley Scott aliichora Alien mwenyewe, na studio ilipoiona michoro yake ikaongeza bajeti kutoka dola milioni 4.2 hadi milioni 8.4. Bong Joon-ho wa Korea Kusini alichora Parasite kisanduku kwa kisanduku, na baada ya filamu hiyo kuzoa tuzo, michoro yake ikachapishwa kama kitabu. Ni kazi ile ile, vifaa vile vile. Inapotoka mkononi mwa mwelekezi huitwa maono, ikitoka mkononi mwa mwajiriwa huitwa maandalizi. Nimejaribu kutafuta hoja ya kisanaa ya kutetea tofauti hiyo na sijaipata. Ninachoona ni cheo tu.

Haya yote yamo, ingawa kwa sauti ya chini mno, katika filamu ya matukio halisi iitwayo Harold and Lillian: A Hollywood Love Story, iliyotengenezwa na Daniel Raim mwaka 2015. Ni filamu tamu. Inasimulia maisha ya Michelson na mkewe Lillian, aliyeendesha maktaba ya utafiti ambako waelekezi walikwenda kuuliza vitu vilifananaje katika enzi na nchi mbalimbali. Kipo kisa cha Fiddler on the Roof ya 1971, pale waliposhonea wasichana wa Kiyahudi wa karne iliyopita nguo za ndani na hakuna kitabu kilichoeleza zilikuwa za namna gani. Lillian akaenda kuketi kwenye benchi katika mtaa wa Fairfax, Los Angeles, akawauliza wanawake wazee wa Kiyahudi, mpaka akapata mmoja aliyekuwa na ruwaza ya kushonea. Raim naye amefanya jambo la busara: sehemu za maisha yao ambazo hazina picha amezisimulia kwa michoro ya Patrick Mate, yaani amemsimulia mchoraji kwa lugha ya mchoraji.

Lawama yangu ni kwamba filamu hii inasamehe haraka. Kila tunapofika kwenye ukweli kwamba mtu huyu alifanya kazi pasi na kutajwa, tunaonyeshwa upole wake, mapenzi ya ndoa yake, ucheshi wake, na lile jambo linapita kama wingu. Upole wa mtu umegeuzwa jibu la swali ambalo yeye hakuulizwa. Kwani mpole hana haki ya jina? Watu wazito kama Francis Ford Coppola na Mel Brooks wanamsifu mbele ya kamera, na sifa zao naziamini. Lakini sifa inayotolewa mtu akiwa amekwisha kufariki, tena na walioandika majina yao kwa herufi kubwa maisha yote, ilihitaji kuulizwa swali moja la kuudhi, na Raim hakuliuliza.

Penye thamani kubwa zaidi katika filamu hiyo, kwa mtu kama mimi ninayetafuta neno, ni pale inapoeleza mbinu ya Michelson. Hakuwa akichora kwa kukisia. Alichukua ramani ya mandhari yatakayojengwa studioni, akajua ukuta uko wapi na mlango una kimo gani, akauliza ni lenzi ipi itakayotumika, kisha akapiga hesabu za mistari hadi akapata kile ambacho lenzi hiyo, ikiwekwa mahali hapo, ingekiona. Mpigapicha akifika siku ya kazi, akisimama palipoelekezwa na lenzi iliyotajwa, angepata picha ile ile. Hapo ndipo fundi anapoachana na mchoraji wa hivi hivi. Mchoraji wa hivi hivi atakupa picha ya kupendeza ambayo haiwezekani kupigwa mpaka ubomoe ukuta.

Neno ni hilo basi: ramani. Kwa Waswahili ramani si karatasi ya mito na mipaka ya nchi tu. Mtu akinunua ploti Kitengela au Mtwapa, fundi wa kwanza kufika atamwuliza, "Ramani iko wapi?" Ramani ya nyumba hutangulia msingi, hufuatwa na mwashi na seremala na fundi wa mabomba, hubishaniwa, hurekebishwa pale mwenye nyumba anapobadili nia, na nyumba ikikamilika hakuna anayeingia sebuleni akaitazama. Yote hayo ni kweli kwa michoro ya filamu. Napendekeza tuiite ramani ya filamu, na fundi wake tumwite mchora ramani wa filamu. Mwenye kutaka storibodi aendelee nayo mazungumzoni, haidhuru, kama tunavyosema gari na motokaa.

Nimekwisha kusikia pingamizi moja kutoka kwa mwenzangu wa isimu: ramani inadokeza kwamba kila kitu kimekwisha kuamuliwa, ilhali waelekezi wengine huitupa michoro siku ya pili. Ni kweli. Lakini ni nani aliyewahi kujenga Kenya hii akaifuata ramani mpaka mwisho? Neno limezoea kusalitiwa.

Nalipenda neno hili kwa sababu nyingine. Pita penye ujenzi wowote mkubwa mjini Nairobi utaona bango limesimamishwa kando ya barabara: mwenye mradi, msanifu majengo, mhandisi, mwanakandarasi, wote kwa majina. Jengo likianguka, tunajua pa kuanzia. Anayechora jengo anatajwa kabla tofali la kwanza halijawekwa, na hakuna anayedhani kwamba kumtaja kunamshushia hadhi mwenye jengo. Tukimwita msanii wa filamu mchora ramani tunamwingiza, kwa neno tu, katika jamii ya watu ambao desturi yetu imezoea kuwaandika majina. "Mchoraji wa ubao" hamna mahali anapoandikwa.

Kwenye filamu za vibonzo hali imekuwa afadhali, kwa sababu huko hakuna cha kupigwa picha. Michoro ndiyo filamu yenyewe ikiwa changa, na mwenye kuichora hawezi kusukumwa kando. Brenda Chapman alisimamia kundi la waliochora hadithi ya The Lion King ya 1994, ile iliyojichotea majina kwetu: Simba, Rafiki, Pumbaa, na fisi wakambandika Shenzi. Kutoka kwenye michoro akapanda kuwa mmoja wa waelekezi wa The Prince of Egypt ya 1998. Kisha akabuni Brave na kuanza kuielekeza, akaondolewa kazi ikiwa njiani, lakini jina lake likabaki kwenye orodha. Filamu iliposhinda Oscar mwaka 2013, alipanda jukwaani kuipokea pamoja na Mark Andrews, aliyeimalizia. Linganisha na Michelson. Naye aliteuliwa kuwania Oscar mara mbili, kwa Star Trek ya 1979 na Terms of Endearment ya 1983, lakini zote mbili kwa usanifu wa mandhari, kazi aliyopandishwa baadaye. Kwa michoro hakuteuliwa, wala hangeweza, kwa kuwa kitengo hicho hakipo.

Jambo hili si la Hollywood pekee. Tinga Tinga Tales, iliyoanza kuonyeshwa na BBC mwaka 2010, ilichorwa na kuhuishwa hapa Nairobi na vijana wetu. Mtindo wake unabeba jina la Edward Saidi Tingatinga wa Tanzania, na ni haki yake. Lakini mtoto akicheka kwa sababu kiboko ametokezwa ghafla kutoka pembeni badala ya katikati, kicheko hicho hakitokani na rangi za Tingatinga. Kuna mtu alikaa akaamua kiboko atokee pembeni. Wahakiki wetu wa filamu, na nimewasoma wengi, huandika juu ya maudhui, wahusika na ujumbe kana kwamba wanahakiki riwaya. Juu ya kamera ilipowekwa huwasikii. Utawezaje kumtaja mtu ambaye kazi yake huioni?

Na wakati si rafiki. Tangu 2022 zimeenea programu za akili unde ambazo ukiziandikia sentensi moja hukutolea picha iliyokamilika, na matayarishaji wanaobana fedha wanazitazama kwa jicho la tamaa. Mwandishi wa mswada ana jina, mwigizaji ana uso. Kumpunguza mmoja wao ni kuzua kelele, kama migomo ya Marekani ya 2023 ilivyoonyesha. Mchora ramani ambaye watazamaji hawakuwahi kumjua anaweza kuondolewa bila mtu kugundua kwamba kiti kiko tupu. Programu itakupa goti na kijana nyuma ya goti, tena vimeng'arishwa. Itakupa pia goti lisilo na kijana, na kijana asiye na goti, vyote kwa furaha ile ile, maana haijasoma mswada ikamhurumia Benjamin.

Watengenezaji wa Shrek 2, filamu ya vibonzo ya 2004, waliwafahamu vyema Michelson na mkewe, kwani maktaba ya Lillian ilikuwa ndani ya studio yao. Wakawapa mfalme na malkia wa filamu hiyo majina Harold na Lillian. Michelson alifariki mwaka 2007, kwa hivyo alilisikia jina lake likitajwa ndani ya filamu iliyotazamwa dunia nzima. Ni jina la mfalme ambaye, hadithi ikikaribia kwisha, anagunduliwa kuwa ni chura.